Mwanangu amekatika ligamenti ya goti: je, anaweza kucheza fainali kama alivyofanya Henry Shefflin?

"Daktari, salaam. Mimi ni mama kutoka Mombasa, naishi Kilkenny nchini Ireland. Mwanangu ana miaka 17. Alijifunza halingi shuleni, na sasa yumo katika timu ya vijana ya klabu yetu. Wiki tatu zilizopita aligeuka ghafla akiufuata mpira, akasikia kitu kimelia 'pa' ndani ya goti, akaanguka bila kuguswa na mtu. Kufika jioni goti lilikuwa limevimba. Kipimo cha MRI kimeonyesha kwamba ligamenti ya msalaba ya mbele imekatika kabisa. Uvimbe sasa umepungua, anatembea vizuri, na fainali yao ni baada ya wiki mbili. Wenzake wanamwambia kwamba Henry Shefflin alikatika ligamenti hiyohiyo mara mbili, akacheza fainali baada ya wiki nne tu, na bado akatwaa medali kumi. Mama yangu nyumbani anashauri achuliwe kwa mafuta ya nazi na karafuu ili mshipa urudi mahali pake. Je, afungwe bandeji acheze? Akipasuliwa, mchezo ndiyo basi? Na je, mifupa yake ni dhaifu?"

Dada yangu, pole sana, na umfikishie kijana pole zangu. Chini ya maswali yako nimeona hofu moja kubwa, nayo ni kwamba mwanao atakosa siku yake kwa sababu ya woga wa mama, ilhali shujaa wake alijikaza akaingia uwanjani. Nianze basi na hilo: asicheze fainali hiyo, hata kama anatembea vizuri na hasikii maumivu yoyote. Kuhusu Shefflin, wenzake hawakumdanganya, ila wamemsimulia nusu ya kisa. Ningependa mwanao aisome nusu iliyobaki, kwa sababu ukiufuatilia mwendo wote wa mchezaji huyo kuanzia 1999 hadi 2015, utaona unashauri kinyume kabisa na yale anayoambiwa.

Kwa wasomaji wasioujua mchezo wenyewe, halingi huchezwa na watu 15 kila upande, kwa magongo ya mbao yenye bapa mwishoni na mpira mdogo mgumu wa ngozi. Mpira ukipita juu ya mwamba wa goli ni pointi moja, na ukiingia wavuni ni goli lenye thamani ya pointi tatu. Mechi za kaunti huchukua dakika 70, na katika muda huo mchezaji hukimbia, husimama ghafla, huruka kuudaka mpira angani huku akisukumwa bega, hutua kwa mguu mmoja, kisha hujizungusha ili apige. Nimeyataja hayo kwa makusudi, maana karibu kila kitendo hapo huielemea ile ligamenti ambayo mwanao ameikata. Ndani ya mchezo huo Shefflin, mzaliwa wa Ballyhale katika kaunti mnayoishi, alifunga magoli 27 na pointi 484 katika mechi 71 za ubingwa akiwa na jezi ya Kilkenny. Alikuwa mchezaji wa kwanza kushinda medali kumi za ubingwa wa Ireland nzima akiwa uwanjani, na wa kwanza kutajwa mchezaji bora wa mwaka mara tatu, yaani 2002, 2006 na 2012. Vijana wa Kilkenny wana haki ya kumtazama yeye kwanza kabla ya mwingine yeyote.

Sasa tuje kwenye kisa cha wiki nne. Tarehe 8 Agosti 2010, katika nusu fainali dhidi ya Cork, Shefflin aliumia ligamenti ya msalaba. Fainali ilikuwa tarehe 5 Septemba dhidi ya Tipperary. Kilkenny ilikuwa imetwaa ubingwa miaka minne mfululizo, 2006 hadi 2009, na hakuna kaunti iliyowahi kutwaa mitano mfululizo katika mchezo huo. Kwa hiyo kaunti nzima ilikuwa ikiliombea goti moja. Alifanyiwa fiziotherapia kwa bidii kubwa, na siku chache kabla ya fainali maelfu ya watu walifika uwanja wa Nowlan Park kutazama mazoezi tu, ili wajionee kama angekimbia. Akakimbia, akapiga mipira, watu wakashangilia. Siku ya fainali akaanza mechi, na haikutimia hata robo saa goti likamshinda akatolewa. Kilkenny ilifungwa magoli manne na pointi 17 kwa goli moja na pointi 18, na ndoto ya mwaka wa tano ikaishia hapo. Sisemi kwamba walifungwa kwa sababu ya goti hilo, kwa maana Tipperary walicheza vizuri mno siku ile. Ninachosema ni kwamba mfano ambao mwanao anaambiwa aufuate ulikoma kabla ya mechi kukolea.

Kwa nini goti lililostahimili mazoezi mbele ya maelfu ya watu lilishindwa ndani ya dakika chache za mechi? Hapa ndipo penye kiini cha jibu langu, nawe univumilie nieleze taratibu. Ndani ya goti kuna ligamenti mbili zinazopishana kama alama ya msalaba. Ile ya mbele hufunga mfupa wa paja na mfupa wa ugoko, na kazi yake ni kuuzuia ugoko usiteleze kwenda mbele na usijizungushe kupita kiasi chini ya paja. Mtu anapotembea, anapopanda ngazi, anapoendesha baiskeli au hata anapokimbia moja kwa moja, misuli ya paja huweza kuibeba sehemu kubwa ya kazi hiyo, na ndiyo sababu mwanao anatembea vizuri leo. Katika mazoezi yaliyopangwa pia, ubongo unajua mapema kwamba baada ya hatua tatu utageuka kushoto, hivyo misuli hukaza kabla ya mguu kukanyaga. Katika mechi hakuna taarifa ya mapema. Mpira hudunda upande usioutarajia, mpinzani hukugonga ukiwa hewani, nawe hutua na kugeuka kabla misuli haijapata nafasi ya kujiandaa. Wakati huo mfupi kinachotegemewa ni ligamenti yenyewe, na kama imekatika, ugoko huteleza na goti huachia.

Huenda wenzake wakamtajia pia John Tennyson, mlinzi wa Kilkenny aliyeanza fainali hiyohiyo ya 2010 akiwa na jeraha la ligamenti hiyohiyo, na aliyekuwa bado uwanjani baada ya Shefflin kutoka. Ni kweli. Wapo watu wachache ambao misuli yao hujifunza haraka kulishika goti lisilo na ligamenti. Lakini huwezi kumtambua mtu wa namna hiyo kwa ujasiri wake wala kwa kuangalia anavyotembea. Hutambuliwa kwa vipimo vya nguvu na vya kuruka kwa mguu mmoja, vinavyofanywa baada ya wiki kadhaa za mazoezi na baada ya uvimbe kuisha kabisa. Wachezaji hao wawili walikuwa watu wazima, wenye misuli iliyojengwa kwa miaka mingi, na waliamua wakijua wanachokihatarisha kwa ajili ya mechi kubwa kuliko zote katika mchezo wao. Shefflin alikuwa na miaka 31. Mwanao ana 17.

Tena, kinachonitia hofu zaidi kwa kijana wa umri huo si kupoteza mechi. Ligamenti tayari imekatika, haiwezi kukatika zaidi. Hofu yangu ni meniski, yaani ule mto laini wenye umbo la mwezi mwandamo unaokaa kati ya mifupa miwili na kupokea uzito wa mwili, pamoja na gegedu inayofunika ncha za mifupa. Kila mara goti linapoachia, mfupa wa paja huisaga meniski, na meniski ikichanika vibaya huenda ikabidi sehemu yake ikatwe. Aliyepoteza sehemu kubwa ya meniski akiwa kijana yuko katika hatari kubwa zaidi ya kupata ugonjwa wa kusagika kwa viungo akiwa bado mtu wa makamo. Nusu saa ya fainali ya vijana inaweza kumgharimu hilo, na hakuna daktari wa kulirudisha.

Niongeze pia, isije ikadhaniwa kwamba alicheza hivyo mara mbili. Jeraha la kwanza, la 2007, lilimpata ndani ya fainali yenyewe dhidi ya Limerick. Alikuwa nahodha, alikuwa amekwisha kufunga goli, na kipindi cha pili hakurudi uwanjani. Kilkenny ilishinda, akapanda jukwaani na goti lake lililoumia, akalinyanyua Kombe la Liam MacCarthy. Baada ya hapo alipasuliwa, akayapitia majira ya baridi na machipuko katika mazoezi ya kujirekebisha, na kiangazi cha 2008 akarudi kwenye ubingwa. Mwaka huo Kilkenny ikashinda tena, na 2009 ikashinda tena. Baada ya fainali ya 2010 akafuata njia ileile: upasuaji, miezi mirefu ya mazoezi, kisha kurudi kiangazi cha 2011. Akatwaa medali mwaka huo, nyingine 2012 pamoja na tuzo yake ya tatu ya mchezaji bora, na ya kumi akaipata 2014. Hesabuni wewe na mwanao. Kurudi kwa haraka kulimpa robo saa isiyofika. Kurudi kwa subira, mara mbili, kulimpa medali tano kati ya kumi.

Kwa hiyo, swali la kama upasuaji ndio mwisho wa mchezo, Shefflin amelijibu vizuri kuliko ambavyo ningelijibu mimi. Hata hivyo sipendi kukupa matumaini ya kupita kiasi. Kati ya wanamichezo wanaopasuliwa ligamenti hii, takriban theluthi mbili ndio hurudi kwenye kiwango walichokuwa nacho awali. Wengine hurudi kucheza kwa kiwango cha chini, na wengine huacha, mara nyingi kwa sababu ya hofu ya kuumia tena na wala si kwa sababu goti limekataa. Hofu hiyo ni ya kawaida na inatibika, mradi mtu aizungumze na wanaomtibu.

Upasuaji wenyewe haushoni tu ile ligamenti iliyokatika. Kwa kawaida mpasuaji huchukua kipande cha kano kutoka sehemu nyingine ya mguu, iwe nyuma ya paja au chini ya pia ya goti, akakipitisha katika matundu aliyoyatoboa kwenye mifupa na kukifunga pale ilipokuwa ligamenti. Kipande hicho ni kama mche uliohamishwa: siku ya kwanza umesimama wima, lakini mizizi haijashika. Katika miezi ya mwanzo mwili huvunja sehemu ya kano hiyo na kuijenga upya, na kuna kipindi, hasa kati ya mwezi wa pili na wa tatu, ambapo huwa dhaifu kuliko ilivyokuwa siku ya upasuaji. Balaa ni kwamba kipindi hicho ndicho kijana anachoanza kujisikia vizuri. Utafiti uliofanyika Norway ulionyesha kwamba wanaorudi kwenye michezo ya kugeukageuka kabla ya miezi tisa huumia tena kwa wingi zaidi, na kwamba kila mwezi wa subira hadi kufikia tisa hupunguza hatari hiyo sana. Vijana wadogo ndio walio hatarini zaidi: kati ya wale walio chini ya miaka 25 wanaorudi kwenye michezo, takriban mmoja kati ya wanne au watano huumia tena, ama goti lilelile ama la upande wa pili. Kwa mwanao mimi nisingekubali kabla ya miezi tisa, na ningefurahi zaidi kama angesubiri mwaka mzima.

Je, ni lazima apasuliwe? Si lazima, na mtu yeyote atakayekwambia kwamba hakuna njia nyingine hajakueleza yote. Utafiti wa Sweden uliotangazwa 2010 uliwachukua watu wazima vijana 121. Baadhi walipasuliwa mapema, na wengine walianza kwa mazoezi pekee, wakipasuliwa baadaye iwapo goti lingeendelea kuwasumbua. Baada ya miaka miwili hali za makundi hayo zilifanana, na kufikia mwaka wa tano nusu hivi ya kundi la mazoezi walikuwa hawajahitaji kisu. Tena, upasuaji hauondoi hatari ya goti kusagika uzeeni. Lakini ni vigumu kucheza halingi ya ushindani na goti lisilo na ligamenti hii, na kijana wa miaka 17 mwenye kiu ya kurudi uwanjani atalijaribu goti lake, hata ukimkataza. Kwa maoni yangu, kama moyo wake uko kwenye halingi, upasuaji ndio unaofaa zaidi, mradi kwanza apate wiki kadhaa za mazoezi mpaka goti linyooke kabisa na misuli ya mbele ya paja iamke. Mkizingatia hilo, hamna haja ya kukimbilia meza ya upasuaji, isipokuwa kama meniski nayo imechanika kwa namna inayohitaji kushonwa mapema. Kama angekuwa tayari kubadilisha mchezo, labda akaogelea, akaendesha baiskeli au akakimbia, ningemshauri aanze na mazoezi pekee na kuona goti linavyoitikia.

Mfikishie bibi salamu zangu za heshima, na umwambie kwamba kuchua hakuwezi kuunganisha ligamenti hii. Imo ndani kabisa ya goti, mkono haufiki, na ncha zake zilizokatika huelea katika maji ya goti. Kuchuliwa taratibu kwenye misuli ya paja kunaweza kumpa kijana nafuu na usingizi, sina kipingamizi. Kinachonitisha ni kuvutwa na kunyongwa goti ili "lirudi", na kuchuliwa shavu la mguu uliovimba, kwa sababu iwapo kuna damu iliyoganda mshipani, kuchua kunaweza kuisukuma ikafika mapafuni. Bandeji nayo humpa mtu hisia ya kushikwa na hupunguza uvimbe, lakini haina nguvu ya kuuzuia mfupa wa ugoko usijizungushe. Afunge akiwa nyumbani kama inamfariji, ila asiichukulie kuwa ruhusa ya kucheza.

Mifupa ya mwanao si dhaifu, na hukumlisha vibaya. Majeraha mengi ya aina hii hutokea bila mtu kuguswa, kama lilivyotokea lake: mguu umekanyaga, mwili unageuka, goti linaingia ndani, na ligamenti inakatika kwa muda mfupi kuliko kupepesa jicho. Inasaidia mtu akifundishwa kutua, kusimama na kugeuka kwa namna salama, na akiimarishwa misuli ya nyonga na ya nyuma ya paja. Chama cha michezo ya asili ya Ireland, GAA, kina ratiba ya kupasha mwili moto iitwayo GAA 15 iliyotengenezwa kwa kusudi hilohilo. Muulize kocha kama timu huifanya kila mazoezi. Kama haifanyi, una haki kama mzazi kulisimamia jambo hilo kwa ajili ya watoto wote. Ukiwa hapo, mwulize pia katibu wa klabu kuhusu mfuko wa chama hicho wa kuwasaidia wachezaji waliosajiliwa kulipia sehemu ya matibabu. Mfuko huo una masharti na mipaka, na madai hutakiwa kuandikishwa mapema.

Kuna jambo moja zaidi katika maisha ya Shefflin ambalo lingemfaa kijana anayeona miezi tisa kama milele. Halingi si mchezo wa kulipwa. Shefflin alikuwa mfanyakazi wa benki, na mazoezi yote yale ya kulifufua goti aliyafanya pembeni ya kazi yake. Baada ya magoti yakaja mengine, likiwamo bega lililohitaji kupasuliwa kabla ya msimu wa 2012. Katika mwaka wake wa mwisho na kaunti, 2014, hakuwa tena mtu wa kuanza kila mechi. Medali ya kumi aliipata akiingia kama mchezaji wa akiba katika fainali ya marudiano dhidi ya Tipperary. Machi 2015 akatwaa ubingwa wa vilabu na Ballyhale Shamrocks akiwa na miaka 36, na siku chache baadaye akatangaza kustaafu kuchezea kaunti. Alicheza halingi ya juu karibu miaka minane baada ya ligamenti ya kwanza kukatika.

Usisubiri miadi, mpeleke hospitali siku hiyohiyo, iwapo goti litakwama lisinyooke wala kukunjika, shavu la mguu litavimba na kuuma, atapata homa huku goti likiwa jekundu na la moto, au mguu utaanza kufa ganzi. Akipumua kwa shida ghafla au kuhisi maumivu ya kifua, piga simu 999 au 112 hapohapo. Kama goti linaachia anapotembea tu nyumbani, mwambie mtaalamu wa fiziotherapia ndani ya siku chache, kwa maana hiyo hubadilisha ushauri. Mengine yote yanahitaji mtu wa kulishika goti hilo kwa mikono yake na kuitazama MRI yenyewe. Mimi kwa maandishi siwezi kukwambia hali ya meniski yake, wala kama sehemu za ukuaji wa mifupa yake zimekwisha kufunga, jambo ambalo mpasuaji lazima alijue kwa kijana wa umri huu. Yaandikeni maswali hayo mawili kwenye karatasi mkaende nayo, na la tatu liwe hili: ni vipimo gani atakavyotakiwa kuvifaulu, mbali na kuhesabu miezi, kabla ya kuruhusiwa kucheza.

Wakati mkisubiri miadi, kama waliomwona hawakumpa maagizo tofauti, alale chali mara kadhaa kwa siku, aweke taulo iliyokunjwa chini ya kisigino, aliache goti linyooke lenyewe, kisha aikaze misuli ya mbele ya paja na kuishikilia kwa sekunde tano. Unaweza kuweka kiganja chako juu ya paja hilo na la upande wa pili, mkalinganisha. Siku ambayo mapaja yote mawili yatakaza sawasawa na goti likanyooka kama la pili, mwanao atakuwa ameshapiga hatua ya kwanza ya matibabu, iwe ataenda kwa mpasuaji au hataenda.